Georgia Vasileiadou: Mathe Aliyeomoka kwa Filamu Akigonga Miaka 60

Kama unadhani ukifika 30 bila jina basi imeenda, tulia kwanza. Huko Ugiriki kulikuwa na mathe aliyekuwa staa wa filamu wakati watu wa rika lake walikuwa nyumbani wakilea wajukuu.

Georgia Vasileiadou alizaliwa mwaka wa 1897. Na hakuanza na vichekesho. Alianza kwa kuimba opera, kisha akaingia kwa michezo ya kuigiza, ile ya machozi na vifo. Lakini sura yake haikuwa ya kupewa nafasi ya msupa. Pua ndefu, uso mwembamba, sauti ya kukwaruza. Miaka ya 30 akakaa nje ya jukwaa kwa muda.

Mwaka wa 1939 ndio mambo yalibadilika. Mwandishi kijana, Alekos Sakellarios, akamrudisha kazini, lakini safari hii kwa komedi. Georgia alikuwa na miaka 42. Watu wakacheka, na hawakuacha tena.

Filamu ndizo zilimfanya ajulikane kila mtaa. Mwaka wa 1954 alitoka na I Oraia ton Athinon, maana yake "Mrembo wa Athens". Ndio, yeye ndiye mrembo. Jina lenyewe lilikuwa kichekesho, na yeye alikuwa wa kwanza kuingia kwa huo utani. Mwaka wa 1956 akacheza mwanamke anayesoma bahati ya watu kwa kikombe cha kahawa.

Halafu 1957 ikaja ile noma kabisa: "Shangazi kutoka Chicago", iliyoongozwa na Sakellarios huyo huyo. Jenerali mstaafu, Orestis Makris, amelea mabinti zake kwa sheria za kambi ya jeshi. Shangazi anatua kutoka Marekani, anageuza nyumba juu chini, kisha anaanza kuwasakia wasichana mabwana. Georgia alikuwa na miaka 60, na alibeba hiyo filamu yote mgongoni.

Hakupoa. Mwaka wa 1960 akacheza mama anayewania umeya, na 1961 akaungana na Vasilis Avlonitis na Nikos Rizos kwa "Klearchos, Marina na Mfupi". Mfupi ni Rizos, hiyo haihitaji maelezo.

Ukiziangalia vizuri utaona kitu. Watu walienda kucheka sura yake, lakini ndani ya hadithi yeye ndiye anayepanga mambo, anayefokea wanaume na kuwatoa jasho. Wasupa wanangoja kuolewa, mathe ndiye ana mpango.

Alifariki Athens Februari 1980, akiwa na miaka 83. Hadi leo TV za Ugiriki zinarudia filamu zake, na watoto waliozaliwa miaka mingi baada yake wanamjua huyo shangazi wa Chicago.