Irving Thalberg: Jemadari wa Sinema Aliyekataa Kuandikwa Jina

Wanachama wenzangu wa Chama cha Kiswahili, muulize mwanafunzi yeyote hapa shuleni majina ya waigizaji wa sinema, naye atakutajia mpaka uchoke. Sasa muulize ni nani aliyepanga pesa na siku za kazi, ni nani aliyeamua huyu aajiriwe na yule afutwe. Atakutolea macho tu! Leo nawasimulia habari za mmoja wa hao wa nyuma ya pazia, marehemu Irving Thalberg wa Marekani.

Alizaliwa mtaa wa Brooklyn, New York, tarehe 30 Mei 1899. Moyo wake ulikuwa na kasoro tangu kuzaliwa, na madaktari wakawaambia wazazi kwamba mtoto huyu akibahatika sana atafika miaka 30 hivi. Hebu fikiria kukua ukilijua hilo! Alipokuwa shule ya upili aliugua, akalala kitandani karibu mwaka mzima, mama yake akimletea vitabu naye akivimaliza kimoja baada ya kingine. Chuo kikuu hakukanyaga. Alijifunza kupiga taipu, akapata kazi ya ukatibu kwa mzee Carl Laemmle, mwenye kampuni ya Universal. Mzee akampeleka California, na alipoondoka akamwachia studio nzima aiangalie. Kijana alikuwa na miaka 20. Sisi wa umri huo tungali tunaomba ruhusa ya kutoka langoni.

Hapo ndipo moto ulipowaka. Palikuwa na mwelekezi hodari lakini mwenye kiburi, Erich von Stroheim, ambaye pesa za kampuni kwake zilikuwa kama maji ya mto. Kwa ajili ya filamu ya Foolish Wives alijenga mfano wa mji wa Monte Carlo papo hapo studio, akapiga picha bila kikomo. Thalberg akaamuru kamera zichukuliwe. Mwaka 1922 Stroheim alipoanza filamu nyingine na mambo yakawa yale yale, kijana akamfuta kazi. Wakubwa wa sinema walishika vichwa.

Mwaka 1924 wawili hao walikutana tena katika studio mpya ya MGM, ambako Thalberg alisimamia utayarishaji chini ya Louis B. Mayer. Stroheim alikuwa na filamu yake Greed, ambayo mwanzoni ilikuwa ya saa nane au zaidi. Ikakatwa, ikakatwa tena, ikabaki saa mbili na kitu. Vipande vilivyotolewa vimepotea hadi leo. Walimu wangu mnisamehe, lakini hapa mimi simtetei Thalberg. Kumzuia mtu kutapanya pesa ni kazi ya meneja, lakini studio kupoteza jasho la mwenzako ni jambo jingine kabisa.

Hata hivyo kazi aliijua. Filamu ikiisha, aliipeleka katika jumba dogo la sinema nje ya mji, akaketi gizani na watu wa kawaida na kuwasikiliza. Walicheka wapi? Walianza kukohoa wapi? Kisha waigizaji waliitwa warudie sehemu zilizolegea. Kabla ya kupiga A Night at the Opera (1935), aliwatuma ndugu wa Marx wakaigize vichekesho vyao jukwaani kwanza, mji hadi mji, ndipo kamera ikawashwa.

Hata kwetu mkono wake ulifika. Mwaka 1929 MGM ilimtuma mwelekezi W. S. Van Dyke Afrika Mashariki, Kenya, Uganda na Tanganyika, kupiga Trader Horn. Walikuja na mashine za kunasa sauti, kitu kigeni wakati huo, wakafika mpaka maporomoko ya Murchison. Sauti nyingi hazikufaa. Mwingine angeitupa filamu hiyo jaani, lakini Thalberg aliagiza sehemu zirudiwe California na Meksiko, na Mwafrika Mutia Omoolu, aliyeigiza humo, akasafirishwa mpaka Hollywood. Ilitoka 1931 ikavuma. Mimi sipendi jinsi inavyotuonyesha Waafrika, kama washenzi wa kutisha watoto. Na wapagazi na wapishi waliowalisha na kuwabebea mizigo, nani aliwaandika?

Hilo ndilo linaloniwasha. Thalberg hakutaka jina lake litokee kwenye filamu zake, naye alikuwa na hiari hiyo kwa kuwa kila mtu Hollywood alimjua. Lakini waandishi wake? Aliwapa watu kadhaa hadithi moja, wengine bila kujua kwamba mwenzao anaiandika vile vile, na mwishowe wengi majina yao hayakutokea. Walipounda chama chao 1933 kudai haki, aliwapinga vikali mno.

Mwishoni mwa 1932 moyo ulimlemea. Akiwa Ulaya kujiuguza pamoja na mkewe, mwigizaji Norma Shearer, Mayer akamnyang'anya cheo. Alirudi, akaendelea kama mtayarishaji wa kawaida, mpaka nimonia ilipomchukua tarehe 14 Septemba 1936, akiwa na miaka 37. MGM ikafungwa siku ya mazishi. Miezi michache baadaye, mwanzoni mwa 1937, filamu yake The Good Earth ilitoka, na mwanzoni kabisa mwa filamu hiyo wenzake walikuwa wameandika jina lake.