Siti binti Saad: Kutoka kuuza vyungu hadi santuri za Bombay

Wasee wa Nanighi na kote kando ya Mto Tana, siku hizi ukibonyeza simu tu ngoma inalia. Sasa rudi nyuma karibu miaka mia moja, ukutane na Siti binti Saad, mwanamke wa kwanza Afrika Mashariki kurekodi santuri.

Alizaliwa Fumba, Unguja, karibu mwaka wa 1880, akapewa jina Mtumwa. Shule hakuingia. Mamake alifinyanga vyungu, naye akazunguka navyo akiuza, akiita wateja kwa sauti ambayo haungeipita hivi hivi. Mwaka wa 1911 akahamia mjini, Ali Muhsin akamfunza kuimba.

Wakati huo taarabu ilikuwa mambo ya ikulu ya Sultani, tena kwa Kiarabu. Siti akaileta mtaani kwa Kiswahili. Wenye nazo wakamcheka umaskini, asili, hadi sura. Hakugombana na mtu. Aliwajibu kwa wimbo, na mji mzima ukaushika.

Mwaka wa 1928 yeye na wenzake, wakiwemo Mbaruk Talsam, Subeit bin Ambar na Buda bin Swedi, wakavuka bahari hadi Bombay, India. Kampuni ya His Master's Voice ikawarekodi, na santuri zikauzwa kwa makumi ya maelfu.

Lakini usidhani ni mapenzi tu aliimba. Chukua wimbo wa Kijiti. Mwanamke mgeni mjini aliuawa, mshukiwa akahepa, na wanawake waliotoka naye usiku ule ndio wakaishia kuadhibiwa na korti. Siti akaianika hiyo kesi hadharani. Asiyejua kusoma alipata habari yote, na sisi tunaijua hadi leo kwa sababu ya ngoma hiyo.

Siti alifariki Julai 8, 1950. Shaaban Robert akaandika kitabu cha maisha yake. Bi Kidude, aliyekuja kutikisa majukwaa ya dunia, alijifunza kwa kumskiza.

Sasa cheki hapo kwenu. Kuna nyanya anayejua nyimbo za harusi za Wapokomo au Waorma ambazo hakuna mtu amewahi kurekodi. Akienda, zinaenda naye. Siti ilibidi apande meli hadi India. Wewe simu iko mfukoni. Muombe ruhusa, kaa naye chini, urekodi leo.