MAISHA YA RIAD AL-SOLH, MWANASIASA WA MAPATANO YA LEBANON

Kurasa hizi za watu mashuhuri mara nyingi huwa ni za maulamaa. Safari hii tumeonelea tumtazame mtu ambaye hakuwa sheikh wala hakuacha kitabu cha fiqhi. Alikuwa mwanasiasa Muislamu aliyekabiliwa na swali gumu: Waislamu na Wakristo wanaokaribiana kwa idadi wataitawala vipi nchi moja bila ya mmoja kumkalia mwenzake?

Fungua kabati la vitabu vya Kiarabu hapa madrasani, utaona vingi vimepigwa chapa Beirut. Huo ndio mji mkuu wa Lebanon, nchi ndogo ya kilomita za mraba 10,452 iliyo katika ardhi za Sham, na ambayo leo inatambua madhehebu 18. Wamo Masunni, Mashia, Wadruzi, Wakristo wa Kimaroni, Waorthodoksi na wengineo.

KUZALIWA KWAKE NA UJANA WAKE

Riad al-Solh alizaliwa mwaka 1894 katika mji wa Saida, kusini mwa Lebanon. Ukoo wake ni wa Kisunni, watu wa vyeo katika dola ya Uthmaniya, na baba yake Rida alikuwa mbunge katika bunge la Istanbul. Mwanafunzi wa Kiarabu atakuwa ameshaligundua jina la ukoo huo: ni lile lile neno letu la sulhu.

Alisomea sheria, lakini siasa ilimvuta mapema. Katika Vita Vikuu vya Kwanza, gavana Jamal Pasha aliwaandama Waarabu waliodai haki zao, na mwaka 1916 akawanyonga hadharani kadhaa wao, Waislamu kwa Wakristo, katika miji ya Beirut na Damascus. Riad na baba yake walipelekwa uhamishoni Anatolia.

Waturuki wakaondoka, Wafaransa wakaingia. Tarehe 1 Septemba 1920 Jenerali Gouraud alitangaza nchi mpya ya Lebanon Kuu kwa kuuunganisha mlima wa Wamaroni na miji ya pwani yenye Waislamu wengi, yaani Tripoli, Beirut na Saida, pamoja na bonde la Bekaa. Wamaroni wengi walifurahi. Waislamu wengi walikasirika, kwani wao walitaka kubaki pamoja na ndugu zao wa Syria. Riad alikuwa miongoni mwa waliopinga, na Wafaransa wakamhukumu kifo naye hayupo. Akaishi nje kwa miaka, na huko Geneva alifanya kazi pamoja na Amir Shakib Arslan kuwatetea Waarabu mbele ya mataifa.

KUBADILIKA KWA FIKRA ZAKE

Hapa ndipo penye kiini cha habari yetu. Kijana aliyekuwa akiikataa Lebanon, vipi akaja kuwa mwasisi wa uhuru wake?

Haikutokea kwa siku moja. Aliporudi nyumbani alikaa na watu, akafanya kazi na wafanyakazi na wanasheria wa kila dini, na akaona mambo mawili. La kwanza, Wakristo wa Lebanon hawakuwa wakiwapenda Wafaransa kwa kuwapenda tu. Waliogopa kumezwa katika bahari ya Waislamu, na mtu mwenye hofu hukimbilia kwa mlinzi. La pili, kadiri Waislamu walivyozidi kudai kuungana na Syria ndivyo hofu ile ilivyozidi, na ndivyo Mfaransa alivyozidi kupata kisingizio cha kukaa. Mwaka 1936 binamu yake Kazim al-Solh aliandika maandishi yaliyosema waziwazi kwamba Lebanon iliyo huru na yenye kuridhiwa na watu wake wote ina faida kubwa kwa Waarabu kuliko muungano wa kulazimishana. Wengi waliona huo ni usaliti. Riad alikuwa upande wa fikra hiyo.

MAPATANO YA MWAKA 1943

Tarehe 21 Septemba 1943 bunge lilimchagua Bishara al-Khoury, Mmaroni, kuwa Rais. Naye akamwita Riad kuwa Waziri Mkuu. Wawili hao walikubaliana kwa mdomo juu ya jambo ambalo baadaye liliitwa Mapatano ya Kitaifa, kwa Kiarabu al-Mithaq al-Watani. Halikuandikwa popote kama mkataba. Wakristo wangeacha kutafuta ulinzi wa Ufaransa, na Waislamu wangeacha kudai kuungana na Syria. Lebanon ingekuwa nchi huru yenye sura ya Kiarabu, isiwe kituo wala njia ya wakoloni kuwafikia jirani zake.

Kisha vyeo vikagawanywa. Ikazoeleka kwamba Rais awe Mmaroni, Waziri Mkuu awe Sunni, na Spika awe Shia. Bunge la mwaka huo lilikuwa na viti 55: Wakristo 30, Waislamu na Wadruzi 25, yaani sita kwa tano. Hesabu hiyo ilitegemea sensa ya mwaka 1932, ambayo iliwapa Wakristo zaidi kidogo ya nusu ya watu. Wamaroni walikuwa karibu 29 kwa mia, Masunni 22 na Mashia 20.

Riad mwenyewe hakuuona mgawanyo huu kuwa ndio mwisho wa safari. Katika taarifa ya serikali aliyoisoma bungeni tarehe 7 Oktoba 1943 aliuita udini katika siasa kuwa ni kizuizi cha maendeleo, na akaeleza matumaini kwamba siku ya kuuondoa ingefika.

GEREZANI RASHAYA

Tarehe 8 Novemba bunge lilifuta katika katiba vifungu vyote vilivyoipa Ufaransa mamlaka. Alfajiri ya tarehe 11 askari wa Kifaransa waliwatoa majumbani Rais, Waziri Mkuu, mawaziri watatu na mbunge Abdul Hamid Karami, wakawafungia katika ngome ya Rashaya, chini ya Jabal al-Shaykh.

Wafaransa walitarajia kwamba Wakristo wangenyamaza. Badala yake maduka yalifungwa nchi nzima, na wanawake wa Kiislamu na wa Kikristo waliandamana pamoja barabarani. Mawaziri wawili waliosalimika, Habib Abu Shahla ambaye ni Morthodoksi na Majid Arslan ambaye ni Mdruzi, walikimbilia kijiji cha Bshamoun wakaendesha serikali kutoka huko. Waingereza nao, waliokuwa na majeshi nchini, waliwabana Wafaransa. Baada ya siku kumi na moja, tarehe 22 Novemba 1943, wafungwa waliachiwa, na siku hiyo ndiyo sikukuu ya uhuru wa Lebanon.

MAKOSA NA KIFO

Si haki kumsifu mtu kwa mema tu. Riad alirudi kuwa Waziri Mkuu mwishoni mwa 1946, na uchaguzi wa Mei 1947 uliofanyika chini ya serikali yake ulijaa wizi wa kura. Mwandishi Georges Naccache aliposema mwaka 1949 kwamba kukataa huku na kukataa kule hakujengi taifa, alifungwa. Mimi naona maneno yale yalistahili jibu, hayakustahili jela.

Mwaka huo huo Antoun Saadeh, kiongozi wa chama kilichotaka nchi zote za Sham ziwe moja, alianzisha uasi. Alikamatwa, akahukumiwa na mahakama ya kijeshi kwa haraka isiyompa nafasi ya kujitetea, na akapigwa risasi alfajiri ya tarehe 8 Julai 1949. Wafuasi wake hawakusahau. Machi 1950 walijaribu kumuua Riad wakashindwa. Tarehe 16 Julai 1951, akiwa Amman kumzuru Mfalme Abdullah, alipigwa risasi njiani akielekea uwanja wa ndege. Alikuwa na miaka 57. Siku nne baadaye Mfalme mwenyewe aliuawa katika Msikiti wa al-Aqsa.

Riad aliacha mke, Fayza wa ukoo wa Jabiri wa Aleppo, na mabinti watano. Mmoja wao, Leila, alikuwa waziri nchini Lebanon mwaka 2004.

YALIYOBAKIA

Mgawanyo uliokusudiwa kuwa wa muda haukuondoka. Idadi ya Waislamu ilipozidi kukua, hesabu ya sita kwa tano ikawa chanzo cha manung'uniko, na vita vya wenyewe kwa wenyewe viliiteketeza nchi kuanzia 1975 hadi 1990. Makubaliano ya Taif ya mwaka 1989 yalivifanya viti vya bunge kuwa nusu kwa nusu na kumwongezea nguvu Waziri Mkuu, lakini vyeo vitatu vikuu vilibaki vile vile. Sensa nyingine haijafanywa tangu ile ya 1932, kwani kila upande unaogopa matokeo yake.

Katikati ya Beirut kuna uwanja wenye jina la Riad al-Solh na sanamu yake. Oktoba 2019 maelfu ya vijana, Waislamu kwa Wakristo, walijaa katika uwanja huo wakidai kuondolewa kwa utaratibu wa kugawana vyeo kwa madhehebu.