Jerry Thomas: Mchanganyaji mvinyo na matunda aliyepata umaarufu, kisha akapoteza mtaji

MWUZA sharubati anapofungua kibanda chake asubuhi na kupanga machungwa, malimau na barafu mbele ya wateja, huenda hajui kwamba anafuata nyayo za mtu aliyefariki zaidi ya miaka 130 iliyopita. Mtu huyo ni Jerry Thomas, Mmarekani aliyeichukua kazi ya kuchanganya vinywaji, ambayo wengi waliidharau, akaifanya taaluma inayoheshimika. Kisha, kwa uamuzi mbaya wa mwisho mwisho, akapoteza baa aliyoijenga kwa miaka mingi.

Thomas alizaliwa mwaka wa 1830 katika mji mdogo wa Sackets Harbor, ulio ufuoni mwa Ziwa Ontario, jimbo la New York. Akiwa kijana alijifunza kazi ya baa mjini New Haven, jimbo la Connecticut. Wakati huo hapakuwa na chuo cha kazi hiyo wala kitabu cha kuisomea. Aliyetaka kujifunza alisimama nyuma ya fundi, akatazama mikono yake na kushika alichoweza.

Mwaka wa 1849 habari za dhahabu ya California zilizagaa kote Marekani. Maelfu ya vijana waliacha mashamba na maduka wakaelekea huko, na Thomas alikuwa miongoni mwao. Alijaribu kutafuta dhahabu, akasimamia kikundi cha waburudishaji, na pia akauza vinywaji. Baa ndiyo iliyobaki kuwa kazi yake. Wachimbaji wengi waliambulia patupu, lakini wote walikuwa na kiu.

Aanza kujitegemea

Mwaka wa 1851 alirejea New York na kufungua baa yake ya kwanza jijini humo. Mahali alipochagua hapakuwa pa kubahatisha. Baa hiyo ilikuwa chini ya jumba la maonyesho la P. T. Barnum, lililovutia watu wengi kila siku. Mfanyabiashara yeyote mdogo anaelewa maana ya hatua hiyo: alikwenda walipo wateja, badala ya kungoja wateja wamfuate.

Baadaye alizunguka miji mingi akiwa mkuu wa baa katika hoteli kubwa. Alifanya kazi St. Louis, Chicago, Charleston, New Orleans na San Francisco. Inaelezwa kuwa katika hoteli ya Occidental, San Francisco, alilipwa dola 100 kwa wiki, pesa nyingi mno enzi hizo. Alizuru pia Ulaya akiwa amebeba vifaa vyake vya kazi vilivyotengenezwa kwa fedha halisi, vya thamani ya dola elfu kadhaa.

Thomas alifahamu kuwa mteja hununua kwa macho kabla ya kununua kwa ulimi. Alivaa nadhifu, akajipamba kwa vito, na kazi yake aliifanya mbele ya watu kama mchezo wa jukwaani. Kinywaji chake kilichosifika zaidi kwa kutazamwa kilikuwa cha wiski iliyowashwa moto, akiimimina kutoka kikombe hadi kikombe huku miali ya buluu ikipita hewani. Hata hivyo, wakati wa joto kali watu hawakutaka moto. Walitaka barafu, matunda na mvinyo.

Panchi ya mvinyo na matunda

Miezi ya Juni hadi Agosti huwa ya joto kali New York. Katika mikusanyiko ya msimu huo, kinywaji kilichopendwa kilikuwa panchi, yaani mseto wa kileo, sukari, maji ya limau au ndimu, maji na viungo. Wengi husema jina hilo lilitokana na neno la Kihindi lenye maana ya tano, kwa sababu ya vitu hivyo vitano. Mabaharia na wafanyabiashara wa Kiingereza waliieneza panchi kutoka Asia hadi Ulaya na Marekani tangu karne ya 17.

Kilichoiwezesha panchi kuwa baridi wakati wa jua kali ni biashara ya barafu. Mfanyabiashara Frederic Tudor wa Boston alianza kusafirisha barafu ya maziwa hadi kisiwa cha Martinique mwaka wa 1806, na kufikia 1833 alikuwa ameipeleka hadi Calcutta, India. Barafu ilikatwa kwa msumeno wakati wa baridi, ikahifadhiwa ndani ya maghala kwa kufunikwa na unga wa mbao, kisha ikauzwa msimu wa joto. Bidhaa iliyokuwa bure mwezi wa Januari iligeuka kuwa pesa mwezi wa Julai kwa sababu tu kulikuwa na mtu aliyejua kuihifadhi.

Mbinu ya Thomas ya panchi ya mvinyo mwekundu ilikuwa rahisi. Katika bilauri kubwa alitia kijiko kimoja na nusu cha sukari, kipande kimoja cha limau na vipande viwili au vitatu vya chungwa. Aliijaza bilauri kwa barafu iliyopondwa, akamimina mvinyo, akatikisa vizuri, kisha akapamba juu kwa matunda ya msimu. Kinywaji kingine cha aina hiyo kilitumia mvinyo wa sherry, sukari na machungwa, nacho kilinywewa kwa mrija.

Anayeandaa karamu anaweza kupiga hesabu kutokana na kipimo hicho. Chupa moja ya mililita 750 hutoa bilauri tano za mililita 150 za mvinyo kila moja. Kwa hivyo chupa moja itahitaji vijiko vya mezani saba na nusu vya sukari, limau moja na machungwa mawili. Wageni 20, kila mmoja akipata bilauri moja, watahitaji chupa nne na vijiko 30 vya sukari, ambavyo ni karibu gramu 375. Mvinyo ukiwa tayari ni mtamu, sukari ipunguzwe.

Siri ya maganda

Jambo moja alilolisisitiza Thomas ni thamani ya ganda la limau. Harufu nzuri ya tunda hilo haimo katika maji yake bali katika mafuta yaliyo kwenye ganda la nje. Enzi hizo sukari iliuzwa kwa mabonge, na mchanganyaji alisugua bonge hilo juu ya ganda hadi likanyonya mafuta yote. Kwa sukari ya chenga ya leo, ganda jembamba la manjano humenywa bila ile sehemu nyeupe, ambayo ni chungu, kisha hupondwapondwa na sukari na kuachwa kwa muda hadi sukari ilowe.

Baada ya hapo hutiwa maji ya limau na maji safi kidogo, na kukorogwa mpaka sukari iyeyuke yote. Hatua hii haifai kurukwa, kwani sukari huyeyuka polepole sana ndani ya kitu baridi na mwishowe hutuama chini ya chombo. Mvinyo hufuata, halafu vipande vya machungwa. Barafu hutiwa mwisho, wageni wakiwa wamefika. Katika bakuli kubwa, bonge moja la barafu ni bora kuliko vipande vidogo, kwa kuwa huyeyuka polepole na halizimui kinywaji haraka. Barafu yenyewe sharti itokane na maji safi ya kunywa.

Utaratibu huo huo unafaa kwa asiyetumia kileo. Maji ya zabibu, rozela au nanasi huchukua nafasi ya mvinyo, na ganda la limau au chungwa likafanya kazi yake vilevile. Kwa mwenye kibanda, hiyo ina maana kwamba ganda analolitupa jaani kila jioni ni bidhaa aliyokwisha kuilipia. Tunda linalotumiwa ganda lake lioshwe vizuri, hasa kama lilipuliziwa dawa shambani. Naye anayetaka kuuza panchi yenye mvinyo hana budi kuwa na leseni ya vileo.

Aweka maarifa kitabuni

Mwaka wa 1862 Thomas alifanya jambo ambalo wenzake hawakuwa wamelifanya. Alichapisha kitabu chenye mapishi zaidi ya 200 ya vinywaji, kikiwa cha kwanza cha aina yake kuchapishwa Marekani. Panchi zilipewa nafasi ya kwanza, zikiwa dazeni kadhaa. Kitabu hicho kiliambatanishwa na mwongozo wa Christian Schultz kuhusu utengenezaji wa vileo vitamu na shira.

Mafundi wengi wa wakati huo walificha maarifa yao wakihofia kuibiwa wateja. Thomas alionyesha kuwa kutoa maarifa hakukumpunguzia soko. Jina lake lilifika hata kwenye miji ambako hakuwahi kukanyaga, na wateja waliendelea kuitafuta baa yake ili wamwone mwenyewe akifanya kazi.

Baa yake iliyovuma zaidi ilifunguliwa mwaka wa 1866 katika barabara ya Broadway, kati ya mtaa wa 21 na wa 22. Kutani alitundika michoro ya Thomas Nast, mchoraji wa vibonzo aliyewatetemesha wanasiasa. Watu mashuhuri waliingia ili kuona kama sura zao zimo. Nje ya biashara, Thomas alikuwa na mapenzi na kilimo cha vibuyu, hata akawa mwenyekiti wa chama cha wapenzi wa vibuyu baada ya kuleta kilichokuwa kikubwa kuliko vyote.

Soko la hisa lamwangusha

Mambo yalibadilika alipoelekeza pesa zake katika soko la hisa la Wall Street. Alijua bei ya limau, ubora wa mvinyo na tabia ya mteja, lakini biashara ya hisa hakuijua. Maamuzi yake yalikuwa mabaya na hasara ikamlemea. Alilazimika kuuza baa iliyokuwa ikimpa riziki, na michoro aliyoikusanya kwa miaka ikapigwa mnada.

Thomas hakukata tamaa mara moja. Alijaribu kufungua baa nyingine, lakini wateja wa zamani hawakurudi kwa wingi. Desemba 15, 1885, alifariki jijini New York kwa kiharusi akiwa na umri wa miaka 55. Aliacha mjane na mabinti wawili.

Kitabu chake kiliishi kumpita. Toleo jipya lilitoka mwaka wa 1887, na jingine mwaka wa 1928 wakati pombe ilikuwa imepigwa marufuku Marekani. Mwaka wa 2007 mwandishi David Wondrich alichapisha kitabu Imbibe! kuhusu Thomas na vinywaji vyake, na mapishi yake yakaanza kusomwa upya.

Kwa mkulima wa machungwa na mwenye kibanda cha sharubati, maisha ya Thomas yana mafunzo ya pande mbili. Alifaulu kwa kupima kila kitu, kutumia tunda lote pamoja na ganda lake, na kufuata msimu. Alianguka alipochukua mtaji wa kazi aliyoijua na kuupeleka kwenye kazi asiyoijua. Faida ya msimu mzuri inaweza kujaribiwa kwingine, lakini pesa za kununulia matunda ya kesho zisiguswe.