Fadhili William: Sauti ya Pumwani iliyoipa dunia 'Malaika'

WIMBO wa 'Malaika' umeimbwa na wasanii wa mataifa mengi, lakini aliyeurekodi kwanza ni kijana wa Kitaita ambaye safari yake ya muziki ilianzia mitaa ya Eastlands, Nairobi. Kijana huyo ni marehemu Fadhili William Mdawida. Alifariki jijini Nairobi mnamo Februari 11, 2001, akiwa na umri wa miaka 62, huku mzozo kuhusu mtunzi halisi wa wimbo huo ukiwa bado haujatatuliwa.

Fadhili alizaliwa Novemba 11, 1938, eneo la Taita. Wazazi wake walikuwa Ramadhan Mwamburi na Halima Wughanga. Baba yake aliaga dunia Fadhili akiwa na miaka saba tu. Baada ya elimu ya msingi huko nyumbani, alihamia Nairobi kuendelea na masomo mtaani Pumwani.

Pumwani ulikuwa mtaa uliotengewa Waafrika na serikali ya kikoloni mwanzoni mwa miaka ya 1920. Humo, pamoja na mitaa jirani ya Shauri Moyo na Kaloleni, walikutana watu wa makabila mbalimbali, na Kiswahili kikawa lugha ya soko, ya ibada na ya dansi. Nyimbo zilisafiri kwa mdomo, kutoka ukumbi mmoja hadi mwingine, bila kuandikwa popote.

Katika mazingira hayo Fadhili aliunda kundi la Jambo Boys, na mnamo 1959 au 1960 wakairekodi 'Malaika'. Baadaye alijiunga na studio za Equator Sound, zilizomilikiwa na Mwingereza Charles Worrod, akaongoza bendi ya studio hiyo. Waliokuwa naye ni magwiji kama Daudi Kabaka, Gabriel Omolo, na Wazambia Nashil Pichen na Peter Tsotsi. Mnamo 1963 aliurekodi wimbo huo upya, na toleo hilo la pili ndilo lililovuma zaidi.

Mwaka wa 1965 Miriam Makeba na Harry Belafonte waliutia katika albamu yao iliyotuzwa Grammy mwaka uliofuata. Mnamo 1981 ikawa zamu ya kundi la Boney M.

Sifa hizo ziliandamana na ugomvi. Mtanzania Adam Salim alidai kuwa ndiye aliyeutunga, miaka ya 1940, alipokuwa akiishi Nairobi. Grant Charo naye alitoa madai yake. Fadhili aliushikilia wimbo huo kuwa wake hadi kifo chake.

La kushangaza ni kwamba maelezo ya Fadhili na ya Salim yanafanana. Kila mmoja alisimulia habari za kijana maskini ambaye mpenzi wake aliozwa mwanamume mwenye mali. Hata hivyo, kufanana huko hakuthibitishi kwamba mmoja alimwibia mwenzake. Katika Nairobi ya mishahara duni, vijana waliokosa mahari walikuwa wengi, na yeyote kati yao angeweza kuuona wimbo huo kuwa wake. Ila santuri ilihitaji jina moja la mtunzi, na aliyetangulia kufika studioni alikuwa na nafasi bora ya kuliandikisha lake.

Miaka ya 1980 Fadhili alihamia Marekani, akaishi huko kwa zaidi ya mwongo mmoja kabla ya kurejea Nairobi.

Sheria mpya ya hakimiliki ilipitishwa nchini mwaka ule ule aliofariki, ikaanza kutumika 2003. Kwake yeye, Salim na Charo, ilikuja ikiwa imechelewa mno. Wasanii chipukizi wa Eastlands wanaopishana studioni leo wana fursa ambayo wazee hao hawakuipata: kukubaliana kwa maandishi, kabla ya kurekodi, nani ametunga nini.