Inge Meysel: Mama wa Taifa Asiyekuwa na Mtoto

Katika historia ya uigizaji nchini Ujerumani, ni wachache waliopendwa na watazamaji wa kawaida kama Inge Meysel. Alizaliwa tarehe 30 Mei 1910 katika mji wa Rixdorf, ambao baadaye ulibadilishwa jina ukaitwa Neukölln na kuwa sehemu ya Berlin. Babake alikuwa mfanyabiashara Myahudi, na mamake alikuwa na asili ya Denmark. Nasaba hiyo, ambayo haikuwa na uzito wowote utotoni mwake, ndiyo iliyokuja kuamua mkondo wa ujana wake.

Alipanda jukwaani kwa mara ya kwanza mnamo 1930 katika mji wa Zwickau, akiwa na umri wa miaka ishirini. Kabla nyota yake haijang'aa, Wanazi walitwaa mamlaka mwaka wa 1933. Kwa kuwa babake alikuwa Myahudi, Meysel alipigwa marufuku kuigiza. Miaka ambayo mwigizaji hukomaa katika fani yake, yeye aliipitisha nje ya jukwaa akijikimu kwa vibarua, ikiwemo kazi ya kupokea simu. Babake naye alinusurika kwa kujificha. Utawala ule ulipoanguka mwaka wa 1945, Meysel alikuwa akikaribia kutimiza miaka thelathini na mitano, naye akalazimika kuanza upya.

Aliyemfungulia mlango ni Willy Maertens, aliyemwajiri katika Thalia Theater, mjini Hamburg. Mnamo 1956 aliolewa na mwelekezi John Olden, ambaye alifariki mwaka wa 1965. Miaka ya 1960 ilipokuwa ikibisha hodi, Meysel aliigiza katika tamthilia ya *Das Fenster zum Flur* nafasi ya Anni Wiesner, mama wa tabaka la chini aliyewatakia wanawe makuu. Hapo ndipo magazeti yalipoanza kumwita Mama wa Taifa. Jina hilo liliota mizizi kupitia tamthilia ya runinga, *Die Unverbesserlichen*, iliyokuwa na sehemu saba. Kati ya 1965 na 1971, sehemu moja ilionyeshwa kila mwaka wakati wa Siku ya Mama, na Meysel, katika uhusika wa Käthe Scholz, akawa mgeni wa kila sebule.

Kinaya ni kwamba mama huyo wa taifa hakujaliwa kulea mtoto wake mwenyewe. Aidha, hakuwa yule mama mpole ambaye umma ulimtaka awe. Mnamo 1978 aliungana na Alice Schwarzer na wanawake wengine kulishtaki jarida la *Stern* kwa kuwadhalilisha wanawake katika picha za jalada lake. Walishindwa mahakamani, lakini suala lenyewe lilijadiliwa nchi nzima. Mnamo 1981 alikataa nishani ya heshima ya serikali, kwa hoja kwamba kuishi kwa uadilifu ni wajibu wa kila mtu, wala si jambo la kutuzwa. Vilevile, alitetea hadharani haki ya mgonjwa kuamua hatima ya maisha yake.

Uzee haukumwondoa kazini. Ingawa kumbukumbu yake ilikuwa imeanza kufifia, alionekana katika kipindi kimoja cha *Polizeiruf 110* kilichoonyeshwa mwaka wa 2004, zaidi ya miongo saba tangu aanze kuigiza. Alifariki tarehe 10 Julai mwaka huo akiwa na umri wa miaka tisini na minne, akazikwa katika makaburi ya Ohlsdorf, Hamburg, kando ya mumewe.

Taifa lililomkataa akiwa binti ndilo lililomwita mama alipokuwa mtu mzima. Meysel aliupokea upendo huo kwa mikono miwili, lakini hakukubali umfumbe kinywa.