Alec Guinness: Mchekeshaji Aliyeshikwa Mkono na Mtoto

Leo twamkumbuka Alec Guinness, mchezaji wa sinema wa Uingereza. Alizaliwa London mwaka 1914, wala hakumjua baba yake kwa hakika. Baada ya Vita Kuu ya Pili akavuma kwa michezo ya kuchekesha. Katika Kind Hearts and Coronets ya mwaka 1949 alicheza watu 8 wa ukoo mmoja, bibi mmoja akiwamo.

Kisha akaenda Ufaransa kucheza Padre Brown, katika sinema iliyotoka mwaka 1954. Jioni moja alikuwa akirudi makaoni, kanzu ya kipadre ingali mwilini. Mtoto asiyemfahamu akamshika mkono, akatembea naye akiongea pasipo hofu, kisha akamuaga akaenda zake. Guinness akawaza kwamba Kanisa ambalo vazi la mapadre wake humpa mtoto tumaini namna hiyo, haliwezi kuwa baya kama alivyodhani.

Katika miaka hiyo mwanawe akapooza kwa polio. Baba akaingia kanisani mara kwa mara kumwombea, akaahidi kutomzuia asiwe Mkatoliki endapo angepona na kutaka. Mtoto akapona. Mwaka 1956 Guinness mwenyewe akapokewa katika Kanisa. Mkewe akamfuata mwaka 1957. Alifariki mwaka 2000.

Alivaa sura nyingi ili watu wacheke, lakini vazi moja, aliloaminiwa nalo na mtoto, lilimgeuza yeye. Watoto wetu nao hutuamini kabla hawajatujua. Tusiwadanganye.